Mansuete: mwongozo kamili wa kulisoma, kulifasiri na kulitumia neno la kale la Kiingereza

Mwanafunzi wa fasihi ya Kiingereza hukutana na neno "mansuete" kwa Geoffrey Chaucer, mshairi wa Uingereza wa karne ya 14. Mfasiri hulikuta kwenye vitabu vya dini au vya elimu ya viumbe vya karne ya 17. Mpenzi wa chemshabongo huangukia kwake anapotafuta herufi nane zenye maana ya "mpole". Wote hufungua kamusi, husoma kwamba ni sawa na "gentle" au "mild", huandika "mpole" na kusonga mbele.

Mara nyingi hawajakosea sana. Lakini "mansuete" limebeba kitu ambacho "mpole" peke yake hakibebi. Ndani yake kuna mkono wa mtu, na kuna kiumbe aliyewahi kuwa mkali au ambaye angeweza kuwa mkali. Ukilisoma bila kuuona huo mkono, utapata maana ya juujuu na kupitwa na utamu wenyewe. Hatua zinazofuata zimepangwa jinsi kazi inavyokwenda, kuanzia neno linapokutokea kwenye ukurasa hadi unapoamua uandike nini kwa Kiswahili.

Hatua ya 1: Hakikisha ni neno lenyewe

Kabla ya kusaka maana, kagua tahajia. Katika miswada ya Enzi za Kati utakuta "mansuete", "mansuet" na hata "mansuwete". Waandishi wa zama hizo waliandika walivyosikia, na hakuna aliyewasahihisha.

Kikwazo kikubwa zaidi kiko kwenye vitabu vilivyochapishwa kabla ya mwaka 1800 hivi. Wachapaji wa Kiingereza walikuwa na herufi ndefu ya "s" iliyotumika mwanzoni na katikati ya neno, nayo ilifanana mno na "f". Programu zinazogeuza picha za kurasa kuwa maandishi hudanganyika kila mara, zikaandika "manfuete". Kwa hiyo ukitafuta kwenye maktaba za mtandaoni, andika "mansuete" kwanza, kisha rudia na "manfuete". Hiyo tahajia ya pili haimo kwenye kamusi yoyote, ila itakuletea kurasa ambazo ya kwanza ilizificha.

Pia angalia usichanganye kivumishi na nomino. "Mansuete" ni sifa. "Mansuetude" ni upole wenyewe. Nomino imeishi muda mrefu zaidi, na hadi leo mwandishi anayependa maneno mazito huichomoa mara mojamoja. Kivumishi kimebaki kwenye kamusi na kwenye matini za zamani.

Kwa Kiingereza cha Chaucer, kamusi ya kuanzia ni ile ya Kiingereza cha Enzi za Kati iliyotengenezwa na Chuo Kikuu cha Michigan. Inasomwa bure kwenye intaneti, na kila maana inakuja na mifano kutoka kwenye miswada. Kwa karne ya 17 na ya 18, nenda kwa Samuel Johnson, ambaye kamusi yake ya mwaka 1755 nayo inapatikana mtandaoni.

Hatua ya 2: Lipasue

Neno limetoka kwenye Kilatini "mansuetus". Sehemu ya kwanza ni "manus", yaani mkono. Ya pili inatokana na "suescere", kuzoea. Kwa hiyo "mansuetus" ni aliyezoea mkono: mnyama ambaye zamani angekukimbia au kukuuma, na sasa anakubali umguse, umfunge kamba, umlishe.

Ndugu zake unawajua. Upande wa mkono kuna "manual", kuna "manuscript" ambalo ni andiko la mkono, na kuna "manage" lililotoka kwenye Kiitaliano "maneggiare", likihusu kwanza kumwongoza na kumfunza farasi. Upande wa kuzoea kuna "custom" na "costume", yote mawili kutoka "consuetudo", mazoea. Kuna pia "desuetude", ambalo wanasheria hulitumia kwa sheria iliyokufa kwa kutotumiwa. "Mansuete" lenyewe limefikia huko.

Ndugu wa kushangaza kuliko wote ni "mastiff", lile jibwa la ulinzi lenye kichwa kikubwa na taya pana. Jina lake lilipitia Kifaransa cha kale "mastin", na mzizi wake ni huohuo "mansuetus": mbwa aliyefugwa, aliyezoea mkono wa mwenyewe. Mgeni akifika getini usiku hataelewa upole uko wapi. Lakini jina lilitolewa na mwenye mbwa.

Kwenye Kihispania neno lilifupishwa likawa "manso", nalo linatumika kila siku. Katika mbio za mafahali za Pamplona, "mansos" ni wale maksai waliofunzwa ambao hukimbia pamoja na mafahali na kuwaongoza njiani. Uwanjani, hata hivyo, fahali akiitwa "manso" ametukanwa, maana amekataa kupigana. Neno moja ni sifa kwa maksai na aibu kwa fahali.

Na kama wewe ni Mtanzania, huenda umesoma au umefanya kazi na mtu aitwaye Mansuetus. Ni jina la ubatizo linalopatikana kwenye familia za Kikatoliki. Linatokana na neno hilihili, kwa kupitia mtakatifu aliyekuwa askofu wa Toul, huko Ufaransa ya leo, katika karne ya 4.

Hatua ya 3: Uliza ni nani anayesifiwa

Hapa ndipo maana inapogawanyika. Kuna upole wa mnyama na upole wa mtu, na kivumishi hiki kilitumika kwa wote wawili.

Upande wa wanyama, mfano unaojulikana zaidi ni wa John Ray, mtaalamu wa viumbe wa Uingereza, katika kitabu chake cha mwaka 1691 kuhusu hekima ya Mungu katika uumbaji. Ray anazungumzia "domestick and mansuete birds" na kuwatenga na ndege wa porini. Hoja yake ni kwamba jambo analolieleza halionekani kwa ndege wa kufugwa tu, maana hapo mtu angedhani wamelipata kwa kuzoeshwa na kufunzwa, bali linaonekana hata kwa wale wa mwituni. Hapo "mansuete" haisemi chochote kuhusu tabia njema ya kuku. Inasema kwamba kuku amezoea watu. Ukiandika "ndege wapole" msomaji wako atashangaa, na hoja ya Ray itapotea kabisa. Andika "ndege wa nyumbani waliozoea watu", na sentensi itasimama.

Johnson aliichukua sentensi hiyo ya Ray kama mfano katika kamusi yake, na maana aliyoitoa inaanza na kufugika kabla ya kufika kwenye upole. Noah Webster wa Marekani, mwaka 1828, naye aliliingiza neno lakini akaeleza kwamba halitumiki sana. Karibu miaka 200 iliyopita, basi, lilikuwa tayari limeanza kuingia vumbi.

Upande wa watu, mambo ni mazito zaidi, na inafaa tukae hapo.

Hatua ya 4: Soma mstari mmoja polepole

Mstari wenyewe ni huu, kutoka shairi refu la Chaucer la miaka ya 1380 kuhusu Troilus na Criseyde, kitabu cha tano:

"And stood forth muwet, milde, and mansuete."

Hali ni hii. Wagiriki wameuzingira mji wa Troya. Calchas, kuhani wa Troya, alitabiri kwamba mji utaanguka, akatoroka na kujiunga na adui, akimwacha binti yake Criseyde nyuma. Baadaye anaomba apelekewe, na mabadilishano yanapangwa: Criseyde aende kwa Wagiriki, na mateka aitwaye Antenor arudi Troya. Binti hakuulizwa. Alikuwa anapendana na Troilus, mwana wa mfalme, na amemwahidi kwamba siku ya kumi atarudi. Anafika kambini akiwa juu ya farasi. Baba yake anamkumbatia, anambusu mara ishirini, anamkaribisha kwa maneno matamu. Criseyde anajibu kwamba naye amefurahi kumwona. Kisha anasimama pale, na Chaucer anampa sifa tatu.

"Muwet" ni bubu, asiye na la kusema. "Milde" ni mpole, neno la Kiingereza cha asili. La tatu ndilo letu, na limewekwa mwisho wa mstari ambako linakamilisha vina na "sweete" na "mete" vya juu yake. Mtu anaweza kusema liliwekwa kwa ajili ya kina na kwa sauti ya "m" tu, kwamba ni "mpole" mara ya pili kwa vazi la Kilatini.

Mimi sikubali. Rudi nyuma kama mistari mia moja tu. Criseyde alipotoka Troya, aliyempokea ni Diomede, shujaa wa Kigiriki, na Chaucer anatuambia waziwazi kwamba alimwongoza kwa kumshikia farasi hatamu. Njiani Diomede anaanza kupiga hesabu zake za kumpata. Mwanamke anayesifiwa kuwa amezoea mkono amefikishwa pale na mkono ulioshika hatamu, akabadilishwa na mateka, akapokelewa mikononi mwa baba aliyemtelekeza. Upole wake mbele ya baba ni wa mtu asiye na pa kwenda. Ukiusoma hivyo, ule ububu wa mwanzo wa mstari nao unaeleweka: huzuni yote imefungiwa ndani, na nje kinaonekana kitu laini, kinachoongozeka.

Iwapo Chaucer alikusudia hayo yote, kila msomaji ataamua. Linalotakiwa kwenye hatua hii ni zoezi: ukikuta "mansuete" kwa mtu, tafuta mkono uko wapi. Nani amemtuliza nani? Je, ametulizwa na mwingine, au amejituliza mwenyewe? Jibu hubadilisha tafsiri.

Hatua ya 5: Litenge na majirani zake

Kiingereza kina ukoo mkubwa wa maneno ya upole, na kila moja lilitoka kijiji chake. "Mild" ni la wenyeji. "Meek" lililetwa na watu wa kaskazini, likimaanisha laini, kitu kinachopinda bila kuvunjika. "Gentle" lilikuja na Kifaransa na mwanzoni lilihusu nasaba: mtu wa ukoo bora, ndiyo maana likazaa "gentleman". Kwamba mtu wa ukoo bora anapaswa kuwa mpole, hilo lilifuata baadaye. "Debonair" nalo lilitoka "de bon aire", wa asili njema. Kwa Chaucer lina maana ya upole na wema, ingawa leo ukilisikia unamfikiria mwanamume mtanashati mwenye maneno matamu.

Chaucer mwenyewe anatusaidia kuyapanga. Katika hadithi ya Kasisi, mwishoni mwa kitabu chake kingine, kile cha hadithi za mahujaji wa Canterbury, kasisi anaeleza kwamba dawa ya hasira ni fadhila ambayo watu huiita "mansuetude", na papo hapo anaifafanua: yaani "debonairetee". Angalia alivyofanya. Neno la kwanza lilikuwa geni kwa wasikilizaji wake, akawapa la pili walilolijua. Hata katika karne ya 14, basi, hili lilikuwa neno la wasomi lililohitaji mkalimani.

Hiyo maana ya dawa ya hasira ndiyo ya wanateolojia. Thomas Aquinas, karne moja kabla, aliweka mpaka kati ya "clementia" na "mansuetudo". Ya kwanza hupunguza adhabu anayoitoa mwenye mamlaka. Ya pili hutuliza hasira yenyewe ndani ya moyo. Nyuma yake alisimama Aristoteli, aliyesema kwamba upole ni njia ya kati: kuna anayewaka kwa kila kitu, na kuna asiyekasirika hata pale inapostahili, na wote wawili wamekosea. Kwa maana hii mtu "mansuete" hasira anayo, ila ameifuga.

Kwa nini basi "mansuete" halikushinda? Sababu moja kubwa ni Biblia. Katika Kilatini, mfalme anayeingia Yerusalemu juu ya punda kwenye Mathayo 21:5 anaitwa "mansuetus", na Zaburi inaahidi nchi kwa "mansueti". William Tyndale alipotafsiri Agano Jipya mwaka 1526 aliandika "meek", na tafsiri ya Mfalme James ya mwaka 1611 ikaendelea hivyohivyo. Watu walilisikia neno hilo kila Jumapili, kizazi baada ya kizazi. Lile la Kilatini likabaki kwa waliosoma Kilatini. Kwenye Biblia ya Kiswahili ya Union tuna "Mpole, naye amepanda punda", na "wenye upole watairithi nchi".

Wasomaji wa Kongo na Burundi wanaojua Kifaransa wawe macho kidogo. "Mansuétude" kwa Kifaransa lingali hai, lakini limeelemea upande wa huruma ya mwenye uwezo wa kuadhibu: hakimu anayemwonea mtuhumiwa huruma, mwalimu asiyetumia fimbo. Ukiihamishia maana hiyo kwenye mstari wa Chaucer utampa Criseyde mamlaka ambayo hana.

Hatua ya 6: Chagua neno la Kiswahili

Sasa unaweza kuchagua. Kwa mnyama, acha "mpole" isipokuwa tabia yake ndiyo inayozungumziwa, kama ng'ombe asiyepiga teke akikamuliwa. Vinginevyo tumia "wa kufugwa", "aliyezoea watu" au "aliyezoea mkono". Hili la mwisho linakaribia mno mzizi wa Kilatini, na halisikiki geni masikioni.

Kwa mtu aliyeishinda hasira yake, "mpole" linatosha mara nyingi, hasa kwenye maandishi ya dini ambako tayari limezoeleka. Kwenye orodha ya tunda la Roho katika Wagalatia, Kilatini kina "mansuetudo" na Kiswahili kina "upole", na hakuna aliyelalamika. Ukitaka nguvu zaidi sema "mwenye kuitawala hasira yake". Msomaji anayeijua Kurani ana mlango mwingine: sifa ya "halim", anayopewa Ibrahimu katika Sura Hud aya ya 75, ya mtu asiyekimbilia kulipiza hata akiudhiwa. Iko karibu sana na maana ya wanateolojia, ingawa haina ule mkono wa mfugaji.

Kwa mtu aliyetulizwa na wengine, kazi ni ngumu. "Mnyenyekevu" linaongeza utu wema ambao huenda haupo. "Mtiifu" linaongeza amri. "Mtulivu" halina ubaya, ila limepoa mno. Kwa mstari wa Chaucer mimi ningeandika:

"Akasimama pale, mnyamavu, mpole, msikivu."

Lugha yetu inatupa zawadi hapa. Chaucer alilazimika kutafuta maneno matatu yanayoanza na "m". Sisi ngeli ya watu inatuletea bila jasho. "Msikivu" nimelichagua kwa sababu ndilo tunalotumia kwa mtoto anayeelekezeka, na lina mwangwi wa anayesubiri kuambiwa la kufanya. Bado hatamu haionekani ndani yake. Ukitaka ionekane, vunja ulinganifu: "mnyamavu, mpole, kama aliyezoea kuongozwa." Utapoteza mdundo na kupata maana. Kwa tafsiri ya kusomwa darasani ningechukua hii ya pili. Kwa ya kusomwa jukwaani, ya kwanza.

Hatua ya 7: Kabla ya kulitumia mwenyewe

Ukiandika Kiingereza cha leo, jibu fupi ni: usilitumie. Kwenye barua ya kuomba kazi, ukijiita "mansuete", afisa anayeisoma atadhani umekosea kuandika, au akifungua kamusi atakuta umejilinganisha na mnyama wa kufugwa. Mtihani wa Kiingereza nao haukuongezei alama kwa neno ambalo msahihishaji hajawahi kuliona. "Gentle" lipo na linafanya kazi.

Mahali pake ni hadithi ya kihistoria, shairi linaloiga sauti ya kale, au tafsiri ya Kilatini na Kiitaliano unapotaka msomaji aione asili ya neno. Huweza kutangulia nomino, kama kwa ndege wa Ray, au kufuata kitenzi, kama kwa Criseyde. Ukilinganisha, weka "more" mbele yake. Usilibandike "-er" mwishoni. Lipe kiumbe chenye nguvu. Simba, farasi, mbwa mkubwa, jemadari aliyezeeka: hao linawakaa. "The great hound grew mansuete under her hand" ni sentensi inayosimama, kwa kuwa mbwa ni mkubwa na mkono upo. Kumwita kondoo "mansuete" ni kupoteza neno, kwa kuwa kondoo hakuwa na ukali wa kutulizwa.

Matamshi ni mepesi. Kwa Kiingereza cha sasa sema "manswiit", silabi mbili, "e" ya mwisho haisikiki. Ukimsoma Chaucer kwa sauti ya zama zake, itamke hiyo "e" ya mwisho, na ile ya "sweete" na "mete" vilevile: "man-swe-te", karibu kabisa na jinsi Mswahili angelisoma akilikuta kwa mara ya kwanza.